Uliza Kisima, Usiulize Mpaka: Namna ya Kuandika Historia ya Ukoo wa Kaskazini Ukiwa Nairobi

Kabla hujanunua daftari, nenda ukasimame Wabera Street, pale katikati ya mji, saa saba mchana watu wanapotoka kutafuta chakula. Muulize yeyote anayepita: Wabera ni nani? Mimi nimelifanya jaribio hilo mara nyingi kuliko inavyofaa kwa mama wa umri wangu. Mmoja aliniambia ni mto. Kijana mmoja wa tai akasema ni kampuni ya bima.

Daudi Dabasso Wabera alikuwa mkuu wa wilaya ya Isiolo. Juni 1963, miezi sita kabla ya uhuru, yeye na chifu Haji Galma Dido walipigwa risasi wakiwa safarini upande wa Modogashe, katika ziara ya kuwasihi watu wasijitenge na Kenya na kujiunga na Somalia. Basi hapo umesimama juu ya historia ya mpaka, na bado uko umbali wa kutembea hadi stejini ya matatu za Islii, yaani Eastleigh.

Mwongozo huu ni wa watoto wa kaskazini tuliolelewa Nairobi: Waborana, Wagabra, Wasakuye, Wagarri, Waajuran, Waburji, Wasomali wa koo zote. Sina shahada ya historia. Nina saiba ndogo ghorofa ya pili karibu na Tom Mboya Street, napiga chapa barua, natoa nakala, napiga picha za pasipoti. Lakini kwa muda wa miaka kumi na zaidi nimeiandika historia ya ukoo wangu, na nimekosea kila kitu kinachoweza kukosewa. Nitakuonyesha njia nikianzia palipoumia.

Mwaka 2001 nilipofika miaka 18 nilienda kutafuta kitambulisho. Wenzangu wa shule, akina Wanjiku na Atieno, walijaza fomu, wakapaka vidole wino, wakaenda zao. Mimi nilipelekwa kupigwa msasa. Ofisi yenyewe siitaji. Nilikaa mbele ya meza yenye wazee wanne na karani, wakaniuliza jina la baba, la babu, la baba wa babu. Hayo niliyajibu. Kisha mzee mmoja akainua macho akaniuliza kwa Kiborana: babu yako alinywesha kisima gani?

Sikujua. Nilisema Garba Tulla, kwa kuwa ndilo jina la mahali nililokuwa nikilisikia nyumbani. Mzee akatikisa kichwa, karani akaandika kitu, nami nikakaa miaka miwili bila kitambulisho. Msasa huo wa kaunti za mpakani ulitangazwa kufutwa na rais Februari 2025, na wengi wenu mnaosoma hapa huenda msikutane nao. Hata hivyo nakwambia swali la yule mzee, licha ya uchungu wake, ndilo swali bora zaidi nililowahi kulisikia kuhusu historia yetu. Ningekuwa na akili ningeanzia hapo. Badala yake nilianza na mpaka.

Siku ya kwanza kwa nyanya

Akko, mama mzazi wa baba yangu, anaishi Islii kwa shangazi, ghorofa ya nne isiyo na lifti. Ni Msakuye, mumewe alikuwa Mborana wa Waso, yaani upande wa Isiolo. Nilipoamua kuandika, nilipanda matatu namba 9, nikaingia, nikasalimu haraka haraka, nikaweka simu mezani, nikabonyeza kitufe cha kurekodi, nikafungua daftari, nikauliza: Akko, mpaka uliwekwa lini?

Akaniangalia. Akaiangalia simu. Akasema, mpaka upi? Kisha akaomba aende kuswali, ingawa saa ya swala ilikuwa bado.

Ilinichukua muda kuelewa. Kwa watu wa rika lake, mtu anayekaa mbele yako na karatasi na kukuuliza majina ni serikali. Hata akiwa mjukuu. Kwa hiyo fanya hivi: ziara ya kwanza usirekodi kitu. Ya pili pia, kama unaweza kuvumilia. Nenda baada ya alasiri, si Ijumaa, na si Ramadhani jioni wakati watu wanahangaikia futari. Beba sukari na majani ya chai. Kama mzee wako ni Mborana, Mgabra au Msakuye, beba buni mbichi zenye maganda na samli, uziache jikoni bila kusema neno. Buni zitakaangwa kwenye samli, harufu itajaa nyumba nzima, na mtu aliyekuwa amefunga mdomo ataanza mwenyewe kukueleza nani alikuwa akikaanga buni nzuri pale kambini kwao.

Salamu usizikate. Nagaa? Watu wako nagaa? Watoto nagaa? Mifugo nagaa? Ndiyo, hata kama mifugo yenyewe ni paka wa shangazi. Neno nagaa ukilitafsiri kwa amani tu umelipunguza. Ndani yake mna afya, mvua, maziwa, na kutokuwa na ugomvi na jirani. Liandike hivyo hivyo katika daftari lako. Ninyi mlio Wasomali mnajua taratibu zenu za ayeeyo na awoowe, nyanya na babu. Ninachosisitiza ni kwamba salamu ndiyo kazi yenyewe inayoanza.

Maswali yanayofungua mlango

Uliza kisima. Uliza ni nani alisimama juu, nani chini, na walikuwa wakiimba nini. Visima vya tula vya Waborana, ambavyo vilivyo maarufu sana viko upande wa Ethiopia, ni virefu kiasi kwamba watu hupangana mmoja juu ya mwingine kwenye ngazi na kupokezana ndoo kwa wimbo mpaka maji yafike hodhini. Kisima kina aba konfi, mtu ambaye ukoo wake unashikilia haki ya kisima, na kina aba herega, anayepanga zamu: leo ng'ombe wa fulani, kesho wa fulani, mgeni atangoja. Kwa swali moja la zamu utapata majina ya majirani, ndoa, ugomvi na wageni. Ukiuliza mpaka utapata ukimya.

Sababu si kwamba wazee hawajui mpaka. Mstari kati ya himaya ya Menelik, mfalme wa Ethiopia, na eneo la Waingereza ulipimwa na ofisa wao Philip Maud mnamo 1902 na 1903, ukatiwa sahihi Addis Ababa Desemba 1907. Mkataba huo wenyewe ulikubali kwamba makabila ya pande zote mbili yataendelea kutumia malisho ya upande wa pili kama zamani. Yaani waliouchora walijua kwamba hautaendana na maisha ya watu, wakauchora. Upande wa mashariki, Waingereza waliikabidhi Jubaland kwa Italia mwaka 1925, na Kismayu iliyokuwa ndani ya Kenya ikawa nje. Msomali aliyekuwa na ngamia huku na binti aliyeolewa kule alilala akaamka familia iko nchi mbili. Lakini yeye hakuishi juu ya mstari. Aliishi juu ya maji. Mstari alikuja kuuona pale askari alipomsimamisha.

Baada ya kisima uliza nyumba. Na hili waulize wanawake. Jamii za ngamia za huku kwetu, Wagabra, Wasakuye, Wagarri na Waajuran wakiwemo, huitwa warra daaso, watu wa mikeka, kwa sababu nyumba zao ni fito na mikeka inayobebwa na ngamia. Anayeijenga nyumba, kuibomoa na kuifunga juu ya ngamia ni mwanamke. Mwanamume atakueleza vita vilipiganwa wapi. Mwanamke atakueleza mlilala wapi usiku wa kwanza, wa pili na wa tatu, mkeka gani ulilowa, ngamia gani alikataa kuinuka. Ukitaka ramani ya kuhama kwa ukoo, ni yeye anayo. Nilimsikiliza baba mdogo wangu kwa saa tatu nikapata majina manne ya mahali. Akko alinipa ishirini na moja akiwa anachambua mchele.

Uliza pia lugha. Kwetu lugha haifuati kabila kama watu wa Nairobi wanavyodhani. Kuna Wagarri na Waajuran wanaozungumza Kiborana nyumbani na Kisomali sokoni, na wengine kinyume chake. Mzee akibadili lugha katikati ya hadithi, weka alama pembeni ya ukurasa. Huenda hapo ndipo ukoo ulipobadilisha majirani.

Kuzipata tarehe

Hapa ndipo watu wengi hukata tamaa, nami ndipo ninapofurahia zaidi, kwa hiyo nivumilie.

Baba yangu kitambulisho chake kinasema alizaliwa 1 Januari 1957. Nusu ya wazee wa Isiolo walizaliwa 1 Januari; ungedhani tulikuwa na hospitali inayofunguliwa siku moja kwa mwaka. Karani alikisia, akaandika. Wazee, lakini, wana saa zao.

Saa ya kwanza ni gada. Kwa Waborana aba gada hushika uongozi kwa miaka minane, na hata wazee wa Waso waliosilimu kitambo bado watakwambia jambo fulani lilitokea gada ya nani. Andika haya kwenye jalada la ndani la daftari: Jaldesa Liban 1960 hadi 1968, Goba Bule hadi 1976, Jilo Aga hadi 1984, Boru Guyo hadi 1992, Boru Madha hadi 2000, Liban Jaldesa hadi 2008. Mzee akisema nilioa wakati wa Jilo Aga, tayari umeshaondoka kwenye "zamani" na kuingia katika miaka minane.

Saa ya pili ni miaka ya siku za juma. Wagabra na jamii nyingine za ngamia huuita mwaka kwa jina la siku: mwaka wa Ijumaa, mwaka wa Jumamosi, mpaka saba zitimie, kisha mzunguko unaanza tena. Sasa tazama uzuri wake. Gada ni miaka minane, mzunguko huu ni miaka saba. Ndani ya gada moja kila siku hutokea mara moja, isipokuwa siku moja tu inayotokea mara mbili. Ukipata vyote viwili, jina la aba gada na siku ya mwaka, mara nyingi unabaki na mwaka mmoja mkononi. Cha kufanya ni kupata tukio moja ambalo wewe unajua mwaka wake na mzee anajua siku yake, kama vile uhuru wa 1963, kisha uhesabu kwenda mbele na nyuma.

Saa ya tatu ni majanga. Wasomali wana Xaaraamacune, njaa ya karibu 1911 na 1912, jina linalokumbusha watu walivyolazimika kula haramu, na Dabadheer, ule ukame wenye mkia mrefu wa 1974 na 1975. Karibu kila ukoo una kumbukumbu ya ugonjwa uliofagia ng'ombe miaka ya 1890.

Akko alisema: baba yako alizaliwa Jaldesa akiwa ameshika gada, kabla ya Daaba. Kwa sentensi hiyo moja 1957 ikafa. Nilimpigia baba simu nikamwambia amekuwa kijana zaidi. Akauliza kama hilo litamsogeza mbali na malipo yake ya uzeeni.

Daaba, na mambo yasiyoulizwa kwa haraka

Gaafa Daaba. Ukisikia neno hilo, weka kalamu chini.

Ni wakati wa vita ambavyo Wakenya wengine huviita vya shifta, jina walilopewa wapiganaji waliotaka kujitenga. Daaba ni kusimama, kusimamishwa. Watu wa Waso wanaukumbuka kama wakati ambapo kila kitu kilisimama. Tume iliyotumwa na Waingereza mwaka 1962 ilikuta Wasomali wengi wa wilaya ya mpaka wa kaskazini wakitaka kujitenga. Jambo hilo halikukubaliwa. Hali ya hatari ikatangazwa Desemba 1963, uhuru ukiwa na majuma machache tu. Kufikia 1966 watu walikuwa wanakusanywa katika kambi zenye ulinzi, na mifugo iliyokutwa nje ikapigwa risasi. Mapatano ya Kenya na Somalia yalifikiwa Arusha Oktoba 1967, Kenneth Kaunda, rais wa Zambia, akiwa mpatanishi. Sheria za hali ya hatari, lakini, zilibaki kaskazini mashariki hadi Novemba 1991. Nilikuwa tayari naenda shule.

Ng'ombe wanaweza kuzuiliwa kambini kwa muda. Ngamia hawezi, anahitaji kutembea. Ndiyo maana Wasakuye walipoteza karibu kila kitu. Akko alitoka kwenye Daaba na mbuzi, sufuria na mtoto mgongoni.

Mashauri yangu hapa ni machache na sitaki mjadala juu yake. Zima simu unaporekodi kama mzee ataomba, na usiiwashe tena kwa siri. Watoto watoke chumbani. Usimuulize mwanamke kilichompata kambini. Kama atataka kusema atasema, huenda kwa shangazi yako na si kwako. Usianze na Daaba, na usimalizie nayo. Mrudishe mzee kwenye kisima kabla hujaaga, asilale na hayo. Hali ni hiyo hiyo kwa Wagalla ya Februari 1984 kwa familia za Wajir, au Turbi ya Julai 2005 kwa Wagabra. Mengi ya mauaji hayo yameandikwa katika ripoti ya tume ya ukweli, haki na maridhiano ya mwaka 2013. Isome mwenyewe kwanza, ili usimfanye mzee wako aumie kwa ajili ya jambo ambalo ungelipata kwenye karatasi.

Sasa ndiyo uende kwa makaratasi

Makavazi ya Kitaifa yako Moi Avenue, lile jengo la zamani la benki lenye nguzo, mkabala na sanamu ya Tom Mboya. Watu hupangiana kukutana pale mbele miaka yote bila kujua ndani mna nini. Chini kuna mkusanyo wa sanaa wa Joseph Murumbi. Jipe nusu saa. Chumba cha kusomea kiko juu. Lipa ada, acha mkoba, ingia na penseli. Omba majalada ya PC/NFD, yaani ya mkuu wa jimbo la mpaka wa kaskazini. Humo mna ripoti za kila mwaka na za kukabidhiana ofisi.

Jitayarishe kwa tahajia. Moyale ya mwanzo utaikuta kwa jina la Fort Harrington. Wagarri wameandikwa Gurreh. Waborana ni Boran, au wamerundikwa chini ya Galla, neno ambalo leo ni tusi na usilitumie isipokuwa unanukuu. Ziwa Turkana ni Rudolf. Mara ya kwanza nilitafuta Garri siku nzima nikarudi nyumbani nikiamini Wagarri hawakuwahi kuishi Kenya.

Kwa nini usianzie hapa? Kwa sababu sauti ya jalada ni nzito na itakumeza. Ofisa aliandika alichotaka kukijua: kodi, bunduki, nani kavuka wapi. Kwake kaskazini ilikuwa wilaya iliyofungwa. Chini ya sheria ya 1902 na nyingine ya 1934 watu walihitaji kibali kuingia, kutoka, na hata kuhamia malisho. Kwa hiyo jalada litasema watu wa fulani wamevamia malisho wasiyopangiwa, wametozwa faini ya ng'ombe kadhaa. Nilipomsomea Akko habari ya namna hiyo alisema, walikuwa wanarudi nyumbani. Ukianza na mzee, unasoma neno "wamevamia" ukacheka. Ukianza na jalada, utaenda kumuuliza mzee kwa nini mlivamia.

Ramani zinauzwa na idara ya upimaji pale Ruaraka, Thika Road. Nunua ya eneo lako, itandike sakafuni, umwite mzee akae juu yake. Akko hasomi, lakini alitambua lagga, mito ya msimu, kwa mikunjo yake na kuniwekea punje za mchele mahali walipolala. Niliipiga picha ile ramani yenye mchele kabla shangazi hajaihitaji sakafu yake.

Na tukizungumzia picha: nakili kila kitu jioni ile ile. Nilipoteza saa mbili za sauti ya baba mdogo pale Pangani, mkono ukiingia dirishani mwa matatu na kutoka na simu. Yeye hakukubali kurudia. Alisema, niliyasema, Mungu ameyasikia.

Visima viwili katika sentensi moja

Jibu la yule mzee wa msasa nililipata mwaka wa tatu. Baba wa babu yangu hakunywesha Garba Tulla. Alinywesha Wajir. Waborana walikuwa pale kabla ya kusogezwa kwenda Waso mwanzoni mwa miaka ya 1930, Wasomali wakizidi kuja kutoka mashariki na Waingereza wakaamua kuwatenga. Babu alikuwa mtoto wa kubebwa.

Nilifurahi mno. Nikaandika kwa herufi kubwa: VISIMA VYA WAJIR VILIKUWA VYETU. Nikaipeleka saiba, nikaichapa.

Jirani yangu wa kibanda cha mashuka, mwanamke wa Degodia, ukoo wa Wasomali, mtu mwema anayenitunzia funguo, alikuja kutoa nakala, akaisoma mezani. Hakukasirika. Alisema tu: babu yangu amezikwa hatua chache kutoka kisima kimoja cha pale, na yeye alikitoa mchanga kwa mikono yake.

Nilikaa na karatasi ile siku kadhaa. Kaskazini maneno ya namna hii si ya kupitisha wakati. Watu wamechomewa nyumba Moyale, na wengine wameuawa, kwa sababu ya nani alitangulia wapi. Kisha nikarudi kwa yule mzee wa msasa kichwani mwangu. Hakuniuliza babu yangu alimiliki kisima gani. Aliuliza alinywesha kisima gani. Kitenzi hicho kina nafasi ya watu wengi.

Kwa hiyo shika hili unapoandika: tumia kunywesha, kulala, kuhama, kuzika, kuoa. Epuka kumiliki na kuvamia. Sema nani amekueleza: "Kwa mujibu wa Akko." Mkipingana na jirani, andika zote mbili, ukurasa mmoja, bila kuamua. Sentensi yangu sasa inasema baba wa babu yangu alinywesha Wajir mpaka miaka ya 1930, na kwamba babu wa jirani yangu alikitoa mchanga kisima cha pale pale. Fanya hivyo hata ndani ya ukoo. Baba mdogo anasema babu aliingia msituni na shifta. Akko anasema alikwenda kutafuta ngamia waliopotea. Zimekaa pamoja kwenye ukurasa wa 34, na kila mmoja akisoma hufikiri mwenziwe amedanganya.

Kwenda huko

Nenda, hata mara moja. Mabasi ya Moyale huondoka Islii, na tangu barabara ya Isiolo hadi Moyale iwekwe lami huhitaji tena kupanda juu ya lori la ng'ombe kwa siku mbili au tatu kama tulivyofanya. Beba kitambulisho mahali unapoweza kukifikia usingizini. Vizuizi vya barabarani havijui ratiba yako. Ukifika Moyale utaona mji mmoja wenye nchi mbili. Usipige picha kituo cha mpakani. Ingia sokoni uwasikilize wauzaji wakitaja bei kwa birr na kwa shilingi bila kuvuta pumzi katikati.

Kusoma kwa sauti

Kazi haijaisha mpaka aliyekupa maneno ameyasikia. Niliichapa yangu, kurasa 61, nikaitoboa na kuifunga kwa uzi wa plastiki, nikapanda ghorofa nne. Nilimsomea Akko kwa siku tano, nikigeuza kurudi Kiborana kadiri nilivyokuwa nasoma. Alinisahihisha majina matatu ya mahali. Aliniambia nifute habari ya mjomba mmoja na mke wa pili, nikafuta, na wewe ufute bila kubishana. Nilipofika mwisho alinyamaza kidogo.

Akasema, umemsahau Diimtu.

Nikauliza, Diimtu ni nani, Akko?

Ngamia, akasema, kana kwamba nimeuliza mama yangu ni nani. Yule mwekundu aliyebeba nyumba. Kurasa zote hizo umesema nyumba ilihama, nyumba ilihama. Ilihama kwa miguu ya nani?

Nikatafuta kalamu. Nikamuuliza Diimtu alizaliwa na ngamia gani, naye akataja jina, na mama wa huyo, na mama wa huyo, akihesabu kwa vidole, mpaka karatasi ikajaa na ikabidi nimtume mtoto wa shangazi dukani akalete daftari jingine.